Chumvi ya Somoe

Mabasi ya Lindi yakipunguza mwendo pale Somanga, abiria waliozoea njia hiyo hawaulizi pana nini cha kula. Wanatoa vichwa dirishani na kuita, "Somoe! Niletee Somoe wa pilipili!" Mgeni hugeuka huku na huku kumtafuta huyo mwanamke anayeitwa na basi zima. Na kweli Somoe aliwahi kuwa mwanamke, ila amelala makaburini nyuma ya vibanda tangu zamani, na aliyerithi jina lake ni muhogo.

Mwenye muhogo ni mjukuu wake, Bi Ziada Kondo. Ni mama mrefu, mkavu, mwenye sauti nzito ambayo watu humtania kwamba aliiazima kwa marehemu mumewe akasahau kuirudisha. Karai lake linakaa juu ya mafiga pembeni ya barabara, na kando yake kuna ndoo ya kachumbari na kisu kimoja kilicholika katikati mpaka kimekuwa kama mwezi mwandamo. Muhogo wake ukigusa mafuta hupasuka wenyewe; nje unakuwa na ganda linalokatika menoni, ndani unga mtupu. Wengine wamejaribu kukaanga mihogo ya aina nyingine pale pale, kwa mafuta yale yale. Abiria wanaonja, wanasema ahsante, halafu wanauliza, "Somoe yuko wapi?"

Bibi yake alimwachia mbegu hiyo na neno moja: mbegu hainyimwi. Ukimnyima mtu mbegu, na yako itakununia. Bi Ziada alilishika neno lile kama alivyoshika swala. Kila mvua za kwanza zilipokaribia, watu walifika uani kwake, naye akaingia shambani na panga kukata miti ya kugawa. Alichagua minene, iliyonyooka, yenye majani ya kupendeza kileleni. Mihogo yenyewe aliiacha ardhini, aichimbe baadaye kadiri karai litakavyotaka. Ndivyo alivyofanya bibi yake, na ndivyo wanavyofanya wote. Kwa hiyo leo ukitembea Somanga, nyuma ya nyumba nyingi utamkuta Somoe amesimama, na Bi Ziada akipita humtazama kama mtu anayepita kwa ndugu.

Sasa shida ilianza kwenye kisu.

Hakuna anayekumbuka ni lini hasa. Zamani kisu kilikuwa cha kumenya na kupasua tu. Halafu kikapata kazi ya tatu: kuchokoa. Ndani ya muhogo mweupe kulikuwa na alama za kahawia, ngumu, kavu, kama vipande vya kizibo vilivyosahaulika ndani ya mkate. Mwanzoni ilikuwa alama moja katika ndoo nzima. Ikawa moja katika kila muhogo. Kufikia mwaka huu Bi Ziada alikuwa akimenya ndoo mbili ili apate moja ya kukaanga, na mbuzi wa mtaani walikuwa wamenenepa kuliko watu.

Ugonjwa huu pale kwao ulikuwa na jina, na hilo jina ndilo lililoleta mambo yote haya. Husemi muhogo unaumwa. Unasema umeingia chumvi. Maana batobato wote wanaifahamu, ile inayokunja majani na kuyafanya yawe na mabaka. Mti wenye batobato unauona kwa mbali unavyosikitika. Lakini huu wa kahawia mti wake ni mzuri, kileleni majani mabichi kabisa, kisamvu chake kitamu. Ubovu uko chini, kimya. Basi wazee wakatafuta ni nini kinachoweza kuingia chini ya ardhi kimya kimya, bila kugusa majani, na jibu lilikuwa linavuma mbele ya macho yao kila siku. Bahari. Bahari inapenyeza chumvi mchangani, chumvi inaunguza muhogo. Nani angebisha?

Na kama ugonjwa ni chumvi, dawa yake haihitaji kufikiri sana. Mbegu ipelekwe bara ikapumzike. Ikae huko mvua nzima, iteme chumvi, halafu irudi.

"Bi mkubwa," dereva Stephano alimwita siku moja akiwa bado ameshika usukani, mdomo umejaa. "Leo Somoe ana nini? Mchungu!"

"Mchungu mdomo wako ulioamka bila mswaki," Bi Ziada akajibu, na dirisha zima likacheka.

Lakini alikipokea kile kipande kilichoumwa, akakivunja. Kulikuwa na mstari mwembamba wa kahawia ambao kisu kilikuwa kimeupita. Akampa Stephano kipande kingine. Basi lilipoondoka alibaki amekishika kile kibovu mpaka kikapoa.

"Chumvi tu hiyo, dada," akasema Sadick, anayechoma samaki kwenye kibanda cha jirani. Sadick ni mtu wa maneno mengi na samaki wachache. "Bahari inasogea. Miye yangu nimeshaipeleka kwa shemeji huko Miteja. Wewe si ulimpelekea Zuwena?"

"Nilimpelekea."

"Basi unangoja nini? Mbegu imepumzika mwaka mzima huko. Ingekuwa mtu ingekuwa imeota kitambi."

Zuwena ni binti yake wa pekee, aliyeolewa Njinjo. Mwaka uliopita, mvua za kwanza, Bi Ziada alimtumia mzigo wa miti ya Somoe apande katika shamba lake la kwanza la ndoa. Tumaini lote la Bi Ziada lilikuwa limesimama kwenye shamba hilo. Huku Somanga aliona wazi kwamba Somoe anakwisha. Mvua mbili tatu zaidi na kisu kitakuwa kinachokoa hewa. Lakini Njinjo ni mbali na bahari. Huko Somoe atakuwa mweupe kama alivyokuwa siku za bibi. Akirudi naye mzima, shamba litapona, karai litapona, na jina la bibi halitapotelea mikononi mwake.

Kwa hiyo alipanga safari. Na kwa kuwa mama mkwe wa Zuwena, Bi Maimuna, alikuwa amepiga simu mwenyewe akisema amefyeka shamba jipya na anautaka huo muhogo unaosifiwa na mabasi, Bi Ziada alikata mzigo mwingine mkubwa zaidi, akaufunga kwa kamba za minazi. Miti minene, iliyonyooka.

"Chukua na ng'onda hawa," Sadick akamwambia asubuhi ya safari, akimpa samaki wakavu waliofungwa kwenye gazeti. "Mtu wa pwani haendi bara mikono mitupu."

"Mikono yangu mitupu iko wapi? Huoni nimebeba msitu?"

"Mkwe wako atasema nini?"

"Atasema alhamdulillahi, nimeletewa mbegu. Samaki ataliwa leo aishe. Mbegu haiishi."

Akawaacha samaki.

Kutoka Nangurukuru alipanda bodaboda ya kijana mmoja aitwaye Twalib, ambaye aliuzunguka mzigo ule akiukagua kama anaununua.

"Mama, unahama na shamba?"

"Endesha."

"Niulize tu. Isije ikawa nyumba nayo inakuja nyuma, niisubiri."

Ule mzigo ulikaa nyuma ya Bi Ziada ukiwa umekingama, na kila walipokutana na pikipiki nyingine Twalib alipiga honi na kupaza sauti, "Pisheni harusi!" Mvua ya kwanza ilikuwa imenyesha usiku uliopita. Pande zote watu walikuwa mashambani na majembe, na harufu ya ardhi iliyolowa ilikuwa nzuri kiasi kwamba Bi Ziada alisahau kumkaripia.

Zuwena alimpokea kwa furaha, akapiga goti, "Shikamoo mama," akapokea mzigo, akaleta maji ya kunywa. Lakini mama ni mama. Aliona binti yake anauliza habari za kila mtu wa Somanga, hata za mbuzi, ila shamba halitaji. Nurdin, mume wa Zuwena, alisalimia kwa adabu na kutoka kwenda kwa mama yake, ambako kesho yake majirani walikuwa wamealikwa kuja kupanda lile shamba jipya.

"Haya," Bi Ziada akasema baada ya kula. "Twende nikamwone Somoe."

"Mama umechoka. Kesho."

"Nimekaa kwenye pikipiki kutwa nzima. Nilichochoka ni kukaa. Shika jembe."

Shamba lilikuwa nyuma ya nyumba, na kwa macho lilikuwa zuri mno. Miti imempita mtu kimo, vilele vya kijani vinameremeta kwa mvua. Bi Ziada alisimama pembeni akacheka peke yake. Akausogelea mti mmoja, akaushika shingoni, akautikisa kidogo kuulegeza. Kutoka chini ya majani kikaruka kitu kama unga uliopulizwa, kikatawanyika, kikarudi kutua. Hakukijali. Vijidudu hivyo hata Somanga vipo. Akavuta. Mihogo ikatoka na udongo wake, minene kama mikono ya mtu.

Zuwena alikuwa ameangalia pembeni.

Bi Ziada alipasua muhogo wa kwanza kwa panga. Kahawia. Akapasua wa pili, kwa urefu, kutoka shingoni mpaka mkiani. Kahawia imekwenda nao safari nzima. Akang'oa mti mwingine, na mwingine.

"Tangu lini?" akauliza.

"Tangu nilipoanza kuchimba," Zuwena akasema kwa sauti ndogo. "Mama, nilidhani nimekosea mimi. Nilidhani nimelima vibaya. Mama mkwe kila siku anauliza mbona sijampelekea huo muhogo wa mabasi auonje, na mimi namwambia bado haujakomaa. Nachokoa usiku usiku, yale mabaya nayafukia. Nimeona haya kukwambia."

Bi Ziada alikaa juu ya tuta. Mbele yake mihogo iliyopasuliwa ilikuwa imetandazwa kama samaki waliopasuliwa kwenda kuanikwa. Alitazama huku, akatazama kule. Miembe, vichaka, kilima, na ng'ambo ya kilima vichaka vingine.

"Zuwena, bahari iko wapi hapa?"

"Hakuna bahari hapa, mama."

"Basi chumvi imepita njia gani?"

Bi Ziada hakuwa akimwuliza yeye. Aliwaza barabara ya lami, akawaza Nangurukuru, akamwaza Twalib na honi yake: pisheni harusi. Akageuza shingo polepole kuutazama ule mzigo wa miti uliokuwa umeegemezwa ukutani, umefungwa vizuri, unangoja kesho.

"Haina miguu," akasema mwishowe. "Miguu ni hii yangu."



Asubuhi uwanja wa Bi Maimuna ulijaa watu na majembe. Sufuria kubwa la uji lilikuwa motoni. Bi Maimuna ni mama mfupi, mpana, mwenye kupenda mambo yaende kwa mpango, na alikuwa ameshawapanga watu wake: hawa wa matuta, hawa wa kukata pingili, hawa wa kupanda. Alipomwona Bi Ziada anakuja bila mzigo akacheka.

"Mkwe, umeacha mbegu nyumbani? Umri huo!"

"Sikuisahau, mkwe. Nimeiacha."

"Kwa nini?"

"Siwezi kukupa."

Kuna maneno ambayo mtu hasemi kwa mkwe wake, na hilo lilikuwa mojawapo. Mwanamke mmoja mzee akaguna na kusema neno kwa Kimatumbi, wenzake wakatazama chini.

"Unaninyima mbegu?" Bi Maimuna akauliza, polepole, kama anayempa mwenzake nafasi ya kujirekebisha. "Mabasi yote unayapa, mimi unaninyima? Mbele ya watu niliowaita?"

Hapo Zuwena ndipo alipojitokeza nyuma ya mama yake, na ungo kichwani. Akautua. Ulikuwa na mihogo iliyopasuliwa.

"Mama," akamwambia mkwe wake, "huu ndio muhogo ambao nilikuwa nakwambia bado haujakomaa."

Bi Maimuna alichukua kipande, akakinusa, akakikwaruza kwa ukucha. Watu wakasogea. Mzee mmoja akasema ni ardhi. Mwingine akasema ni mvua ya mwaka jana iliyochelewa. Bi Ziada akasema hapana; akawaeleza kuanzia mwanzo, habari za kisu, habari za chumvi, habari za kupumzisha mbegu bara. Alisema kwa ile sauti yake nzito bila kujitetea. "Kwetu tuliamini ni bahari. Huku hakuna bahari. Kilichotoka kule kuja huku ni miti yangu tu."

Katikati ya hayo pikipiki ikaingia. Alikuwa Romana, Bibi Shamba wa kata, msichana mwenye buti za mpira na kofia ya jua, ambaye Nurdin alikuwa amemwalika aje kuonyesha nafasi za kupandia. Alikuta watu wameuzunguka ungo kama wanaotazama maiti.

Romana hakushangaa. Alipasua kipande kimoja, akatikisa kichwa. "Michirizi kahawia," akasema. "Twendeni shambani."

Basi wakaenda wote shambani kwa Zuwena, na uji ukabaki na paka. Romana aliwasimamisha mbele ya mti mmoja mzuri kabisa, akauliza, "Mnaona ugonjwa?"

Hakuna aliyeona.

"Mama zangu, mnatazama wapi?"

"Kileleni," akasema Bi Maimuna. "Ndiko kwenye kisamvu."

"Huyu mgonjwa hajioneshi kwenye kisamvu. Chuchumaeni."

Wakachuchumaa, watu wazima na viuno vyao, wakilalamika na kuchekana. Na huko chini, kwenye majani ya zamani ambayo hakuna mchumaji anayeyagusa, kulikuwa na madoa ya njano yaliyofuata mishipa ya jani kama mafuta yaliyomwagikia karatasi. Bi Ziada alikuwa ameyaona madoa hayo maisha yake yote ya ukubwani. Alidhani ni uzee wa jani. Kwenye shina changa Romana akawaonesha vistari vya kahawia, vyembamba kama mikwaruzo ya paka.

Halafu akautikisa mti, na ule unga ukaruka.

"Hawa ni inzi weupe. Mtazameni vizuri mmoja, yule pale. Hafiki punje ya ufuta. Mdomo wake ni sindano. Anafyonza maji ya mti mgonjwa, anahamia kwa jirani, anafyonza tena, na ugonjwa anauacha hapo. Hajui anachobeba."

"Kama mimi," akasema Bi Ziada.

"Lakini yeye hasafiri mbali, mama. Mti huu mpaka ule, shamba hili mpaka la jirani. Kutoka pwani mpaka hapa hawezi. Safari ndefu zote sisi ndio tunaomfanyia, kwa mbegu. Mti ukiwa mgonjwa, kila pingili unayoikata inaumwa, hata ukiipanda kwenye ardhi ya peponi. Haitemi."

Maneno "shamba la jirani" yalikuwa yamemfikia Bi Maimuna. Safu za mihogo yake ya zamani zilikuwa zimepakana na shamba la Zuwena, hatua chache tu. Alikwenda mwenyewe, akang'oa mti wa ukingoni, akaazima panga la mtu. Alipopasua mabega yake yalishuka, na kila mtu akajua kabla ya kuuona muhogo.

Alirudi nao mkononi. Bi Ziada alijikaza kusubiri. Alijua kwamba lolote litakalosemwa sasa ni halali, na kwamba Zuwena ndiye atakayebaki kuishi nalo.

Bi Maimuna alimtazama Bi Ziada kutoka juu mpaka chini, akautazama muhogo, akashusha pumzi ndefu.

"Mkwe," akasema, "chumvi yote hii umetuletea kutoka pwani. Hata samaki mmoja wa kuitia hukumleta?"

Yule mwanamke mzee wa Kimatumbi akapasuka kwa kicheko, na kicheko kikawavamia wote, hata Romana, hata Zuwena aliyekuwa akifuta machozi kwa ncha ya kanga. Bi Ziada alicheka akiwa amejifunika uso kwa viganja. Aliwakumbuka wale ng'onda wa Sadick kwenye gazeti lao.

"Niliambiwa," akasema. "Wallahi niliambiwa nibebe."

Siku ile watu waliokuja kupanda waling'oa. Walianza kwa Zuwena, miti yote, wakaendelea na safu za ukingoni za Bi Maimuna kama Romana alivyoonesha. Vipande vyeupe vya mihogo vilipikwa palepale, maana ugonjwa huu humnyima mtu chakula lakini haumdhuru anayekula kilichobaki. Miti ilirundikwa kwenye jua ikauke ichomwe, na ule mzigo uliotoka Somanga ukatupwa juu ya rundo na Bi Ziada mwenyewe, kamba za minazi na zote. Lile shamba jipya walilipanda mahindi na kunde, wakisubiri mbegu safi ambayo Romana aliahidi kuwaombea kwenye shamba la mbegu la wilaya. Aliwaambia ukweli kwamba foleni ni ndefu.

Somanga ilikuwa ngumu zaidi. Huko hakukuwa na mkwe wa kucheka naye. Bi Ziada alirudi, akaingia shambani kwake, akaanza kung'oa. Kila mti aliuchimba, akapasua mihogo yake yote kwa urefu, ndipo akaamua. Mibovu rundo hili. Rundo hilo likawa kubwa kama kibanda. Na upande wa pili, mkononi mwake, ikabaki miti michache ambayo mihogo yake ilikuwa myeupe mwanzo mpaka mwisho. Ungeweza kuibeba kwa mkono mmoja ukaendelea kula kwa mwingine. Aliipeleka kwa mdogo wake Mudathiri, mwenye shamba la ufuta mbali na mihogo ya watu, akaipanda katikati ya ufuta kama anayemficha mtoto.

Baada ya hapo alizunguka kwenye nyumba zote alizozigawia mbegu, moja moja. "Chimba utazame," alisema. "Chuchumaa utazame majani ya chini." Wengine walichimba, wakashika majembe kung'oa. Wengine walimwambia anazeeka vibaya. Mmoja alisema Bi Ziada anataka abaki na Somoe peke yake. Sadick aligoma kabisa.

"Wangu una afya. Tazama majani yale!"

"Hujatazama chini."

"Nani anamtazama mtu miguuni kujua kama mzuri?"

Mpaka leo hajachimba wote, ingawa siku hizi ameacha kupeleka miti Miteja.

Karaini Bi Ziada alianza kukaanga viazi vitamu. Mabasi yalipofika na kuita "Somoe!" alijibu, "Somoe anaumwa, amelazwa," na abiria walidhani ni utani. Stephano ndiye aliyeshuka kuuliza kwa kweli, akasimuliwa kisa chote huku basi likipigiwa honi na mengine yaliyo nyuma. Akanunua viazi. Akasema si vibaya, kwa sauti ya mtu anayefiwa.

Mvua ikapita. Ufuta ukavunwa, miti ile ikabaki imesimama peke yake shambani kwa Mudathiri. Bi Ziada alichimba akiwa amepiga magoti. Wa kwanza mweupe. Wa pili mweupe. Wa tatu ukawa na mstari mmoja wa kahawia, mwembamba kama uzi. Akautazama sana, akautupa. Romana aliambiwa kwa simu, akafurahi, lakini akasema mavuno mamoja hayatoshi kuamini, apande tena, achague tena. Jirani mmoja alikuja kuomba mbegu siku hiyo hiyo. Ilikuwa mara ya kwanza kwa watu wa Somanga kusikia Bi Ziada akijibu, "Bado. Mpaka nichimbe tena." Alilala akimwaza bibi yake, kama angemwelewa.

Mvua nyingine ikapita. Safari hii alichimba akiwa na Zuwena, aliyekuja kutembea na mtoto mgongoni, na kisu kikapasua muhogo baada ya muhogo karibu bila kukuta kitu cha kuchokoa. Uliotoka na doa ulikuwa mmoja tu, nao ukaenda motoni pamoja na mti wake.

Ndipo Bi Ziada alipofanya jambo ambalo sasa Somanga wanaliiga, hata waliomcheka. Alikata miti michache ya kumpelekea Bi Maimuna, na kwenye kila mti akafunga kwa uzi kipande cha muhogo wake wenyewe, kilichopasuliwa, kikionekana weupe wake.

"Mwambie mkwe aipande peke yake, mbali na mingine," akamwambia Zuwena. "Na mwambie mtu akimpa mti bila muhogo wake, asipokee. Hata kama mtu huyo ni mimi."

Zuwena aliondoka na basi la asubuhi. Kabla jua halijazama simu ya Bi Ziada ikaita, na sauti ya Bi Maimuna ikajaa kibandani, maana hujawahi kuona mtu anayepaza sauti kwenye simu kama yeye.

"Mkwe! Mbegu nimeziona. Nimeona na muhogo wake. Mweupe kama meno ya mtoto! Lakini huku kwenye mzigo kuna gazeti limefungwa, linanuka bahari. Nimelifungua."

"Umekuta nini?" Bi Ziada akauliza, akimkonyeza Sadick aliyekuwa akipepea mkaa wake.

"Ng'onda watupu! Wamekolea chumvi!"

"Basi mkwe," akasema Bi Ziada, "hiyo ndiyo iliyobaki huku kwetu."

Akakata simu, maana basi lilikuwa limepunguza mwendo na watu walishaanza kuita.